Tartuffe, Mchezo Uliogombewa Miaka Mitano

Waseminari wanaosoma umanite kwa Kifaransa humjua Tartuffe kabla ya kumjua Mtakatifu Tomaso. Wanafundishwa ginsi mashairi yake yanavyopangwa, silabi 12 kwa kila mstari, nani anaingia, nani anatoka, kisha wanaandika mtihani. Mara chache huambiwa kwamba mchezo ule ulikuwa vita, na kwamba katika vita hiyo watu wa Ekleziya walikuwa pande zote mbili. Tunataka kuisimulia hapa, si kwa kumtukuza Molière, ambaye hana haja na sifa zetu, bali kwa sababu swali lililogombewa Paris kati ya mwaka 1664 na 1669 halijaisha: mtu asiye padri, tena mchezaji wa teatre, ana ruhusa gani ya kusema mbele ya watu wote juu ya mambo ya ibada?

Jean-Baptiste Poquelin, ndiye aliyejiita Molière, alibatizwa katika kanisa la Saint-Eustache, Paris, tarehe 15 Januari 1622. Alisoma kwa Wayezuiti katika kolegio ya Clermont, na Wayezuiti walitumia teatre kama chombo cha kufundishia. Sheria yao ya masomo ya mwaka 1599 iliruhusu michezo kwa Kilatini, isiwe mingi, iwe ya mambo matakatifu, tena asiwemo mtu wa kike. Hivi watoto walijifunza kusimama na kusema mbele ya watu, na wazazi waliokuja kutazama walirudi nyumbani na hadisi ya mfiadini fulani. Hata hivyo, katika mji uleule wa Paris, mchezaji aliyekula kwa kazi ya teatre alinyimwa masakramenti mpaka aikane kazi yake. Mwanafunzi akicheza, ni malezi. Mtu mzima akicheza kwa mshahara, ni mkosefu wa hazarani. Jambo hilo halikupata kuelezwa vizuri, nasi tutaliona tena siku ya kifo cha Molière.

Hadisi yenyewe ni fupi. Orgon, tajiri wa Paris, amemwona kanisani maskini mmoja anayesali kwa kuugua na kubusu udongo. Anampa sadaka, yule anarudisha nusu, akisema ni nyingi mno, na Orgon akikataa kuipokea, anawagawia maskini mbele ya macho yake. Basi Orgon anamleta nyumbani, anamfanya mwongozi wa roho yake, anataka kumwoza binti yake ambaye amekwisha kuahidiwa mwingine. Kumbe Tartuffe anamtamani mke wa Orgon mwenyewe, Elmire. Mtoto wa kiume anagundua na kusema. Baba anamfukuza mtoto, na kumwandikia Tartuffe mali yake yote. Ndipo Elmire anamficha mume wake chini ya meza, asikie kwa masikio yake. Kuna vitabu vya shule vilivyofupisha sehemu hiyo ya meza, na matokeo yake waseminari waliitafuta kwa bidii kuliko nyingine zote.

Katika sehemu hiyo mwanamke anasema kwamba anaogopa zambi. Tartuffe anamtuliza: kuna elimu, anasema, ya kulegeza vifungo vya zamiri, na ubaya wa tendo husafishwa kwa uzuri wa nia. Wanaosoma teolojia ya maadili wametambua mara moja habari hiyo inatoka wapi. Miaka michache mbele, 1656 na 1657, Pascal alikuwa ameandika barua 18, zile zinazoitwa Provinciales, kushambulia walimu fulani wa Kiyezuiti waliofundisha maadili laini. Barua hizo ziliwekwa katika orodha ya vitabu vilivyokatazwa mwaka 1657. Pascal alikuwa amelitoa shauri la wanateolojia katika Kilatini na kulitia katika Kifaransa cha watu wenye elimu. Molière alilichukua tena, akalitia katika kinywa cha mtu anayetaka mke wa mwenyeji wake, na mume yuko chini ya meza. Tangu hapo hata muuza nguo aliyesimama chini katika teatre aliweza kuelewa shauri lile lilikuwa na hatari gani. Hayo ndiyo yaliyowatisha wakubwa. Kitabu kinasomwa na mmoja mmoja, chumbani. Mchezo unasikiwa na mia tano kwa pamoja, nao wanacheka pamoja, na kila mmoja anamwona jirani yake akicheka.

Mchezo ulionyeshwa mara ya kwanza Versailles tarehe 12 Mei 1664, katika sikukuu kubwa za mfalme Louis XIV, ambaye alikuwa na umri wa miaka 25. Wakati ule ulikuwa na sehemu tatu tu. Mfalme alicheka, kisha akakataza usionyeshwe kwa watu wote. Alitakiwa na Askofu Mkuu wa Paris, Hardouin de Péréfixe, aliyekuwa zamani mwalimu wake. Tena mama yake, malkia Anne wa Austria, alikuwa upande wa wenye ibada.

Na kabla hata ya onyesho hilo, tarehe 17 Aprili, chama kimoja cha siri kilikuwa kimekwisha kukutana na kushauriana namna ya kuuzima mchezo. Kiliitwa Chama cha Sakramenti Takatifu, nacho kilianza kazi yapata mwaka 1630. Wasomaji wasizani kwamba kilikuwa chama cha wanafiki. Mtakatifu Vincent de Paul alikuwa mmoja wao, na Bossuet vilevile. Walijenga hospitali, walisaidia misioni, walikomboa wafungwa wa madeni. Lakini walifanya yote kwa siri, hata maaskofu wengine hawakujua majina yao. Tena walichungua maisha ya watu nyumbani mwao, walipeleka habari kwa mahakimu, waliwataka wakuu wawaazibu wakosefu. Wema unaoingia kwa mlango wa nyuma huogopesha kama mwizi. Mtu wa Paris aliyemwona Tartuffe akikaa katika nyumba isiyo yake, akihesabu nani amekuja kumsalimia mama wa nyumba, hakuhitaji kuelezwa zaidi. Kwa maoni yetu hapo ndipo penye jeraha: mchezo haukugusa sala yao, uligusa desturi yao.

Mwezi wa Agosti 1664 paroko mmoja wa Paris, Pierre Roullé, wa parokia ya Saint-Barthélemy, alitoa kitabu cha kumsifu mfalme, na ndani yake akamwita Molière shetani aliyevaa mwili wa mtu, anayestahili kuchomwa moto hapa duniani kabla ya ule wa milele. Tena, kwa kadiri Molière alivyomwandikia mfalme, padri huyo alihukumu bila kuuona mchezo. Siku zilezile mjumbe wa Papa, Kardinali Flavio Chigi, alikuwa Fontainebleau. Molière aliomba kumsomea mchezo wake, na katika barua yake kwa mfalme alidai kwamba Kardinali na maaskofu wengi waliousikia hawakuona ubaya. Twaweza kuwa na shaka, kwa maana mshitakiwa hujitafutia mashahidi wema. Lakini tazameni tofauti: huyu ameomba asikilizwe, yule amehukumu asichokiona. Kati ya mapadri wale wawili, paroko na Kardinali, ni yule wa mbali aliyetega sikio.

Miaka mitatu ikapita. Tarehe 5 Agosti 1667 Molière alijaribu tena katika teatre yake ya Palais-Royal. Jina la mchezo alilibadili kuwa Mdanganyifu, Tartuffe akaitwa Panulphe, na mavazi yake yakageuzwa. Hapo mbele alifanana sana na mtu wa kanisa. Sasa akavikwa kama mtu wa dunia, kofia ndogo, nywele ndefu, kola kubwa, na upanga kiunoni. Haikusaidia kitu. Mfalme alikuwa vitani, akiuzingira mji wa Lille, na kesho yake Lamoignon, mkuu wa mahakama ya Paris, naye akiwa wa kile chama, akaufunga mchezo. Boileau, rafiki wa Molière, alisimulia baadaye kwamba walimwendea Lamoignon pamoja. Naye akawapokea kwa heshima, akamsifu Molière kwa akili yake, kisha akamwambia kwamba kazi ya kuwafundisha watu dini si ya wachezaji. Inasemekana Molière, mtu wa maneno mengi kuliko wote, alikosa la kujibu.

Jibu la Lamoignon si la kijinga. Sisi wenyewe tulioagizwa kuhubiri tungesema hivyo hivyo. Lakini Molière hakuwa akieleza Umungu katika Nafsi tatu. Alikuwa akionyesha mtu anayetumia sala kula mali ya mwingine, na jambo hilo mtu wa nyumbani analijua mapema kuliko paroko, kwa kuwa yeye ndiye anayelala njaa.

Tarehe 11 Agosti 1667 Askofu Mkuu Péréfixe alitoa agizo: ni marufuku kuucheza mchezo huo, kuusoma, au kuusikiliza, hazarani au nyumbani, kwa azabu ya kutengwa na Ekleziya. Sababu yake ilikuwa kwamba, kwa kisingizio cha kuulaumu unafiki, mchezo unawapa watu njia ya kuwalaumu wenye ibada ya kweli. Yaani watu hawatajua kupambanua. Ni hofu ya mchungaji, nasi hatuicheki. Tumewaona wakristu ambao, kwa sababu ya katekista mmoja mlaji wa feza, waliacha Misa ya Mungu. Lakini kama watu wa Paris, baada ya karne nyingi za mahubiri, hawakuweza kutofautisha sala na mchezo wa sala, je, kosa lilikuwa la mchezaji peke yake? Katika parokia zetu za Kongo vijana hucheza teatre siku za sikukuu. Utamwona mlevi, mchoyo, mume wa wake wawili, mganga mwongo, na watu wanacheka mpaka machozi. Akitokea kijana akamcheza mkuu wa kikundi cha sala anayekula michango, baraza hukutana usiku uleule. Tunalitaja bila kumhukumu mtu. Linaonyesha tu kwamba Péréfixe hayuko mbali nasi.

Teatre ya Molière ilifungwa wiki saba. Kisha mambo yakageuka, na hayakugeuka kwa nguvu ya mashairi. Malkia mama alikuwa amekufa mwaka 1666, na kile chama cha siri kilikuwa kimevunjika kwa sababu mfalme hakutaka serikali nyingine ndani ya serikali yake. Papa Klementi IX alikuwa akifanya amani na Wajansenisti, na kelele za teolojia zikapungua. Tarehe 5 Februari 1669 ruhusa ilitolewa. Watu walisongamana mlangoni; siku hiyo moja teatre iliingiza livre 2,860, mapato yasiyokuwa ya kawaida. Na siku ileile, tazameni kichekesho, yule aliyeitwa adui wa dini alimwandikia mfalme barua fupi akiomba mtoto wa daktari wake apewe nafasi ya ukanoniko katika kanisa la Vincennes.

Kati ya wapinzani wa Molière wako wengine ambao tunawaheshimu zaidi, kwa sababu waliacha matusi wakaleta hoja. Prince de Conti alikuwa kwanza mlezi wa kundi lake huko kusini ya Ufaransa, kisha akaongoka. Kitabu chake juu ya teatre kilitoka 1666. Nicole, Mjansenisti, aliandika mwaka 1667. Hoja yao ni hii kwa ufupi: ubaya wa teatre hauko katika maneno machafu tu. Uko katika kuyafanya mapendo na hasira na kiburi yapendeze; mtazamaji halii kwa sababu ya zambi, analia kwa sababu mapendo ya zambi yamezuiwa. Ni hoja nzito, na yeyote aliyetazama filamu za siku hizi ataikubali nusu. Lakini haimpigi Tartuffe, kwa maana hakuna aliyetoka katika mchezo ule akitamani kufanana naye.

Vita hii ya pili iliendelea baada ya Molière kufa. Mwaka 1694 Padri Caffaro, Mteatini, mwalimu wa teolojia, aliona barua yake ikichapwa mbele ya michezo ya Boursault. Ndani yake alitetea teatre kwa maneno ya Mtakatifu Tomaso, kwamba michezo yenyewe si mibaya ikiwa na kiasi. Bossuet alimwandikia tarehe 9 Mei barua ya moto. Siku mbili baadaye Caffaro alikuwa amekwisha kukana. Bossuet hakuridhika, mwaka uleule akatoa kitabu kizima, na humo akamtaja Molière aliyekufa miaka 21 mbele, akimwonyesha akipita kutoka vichekesho vya teatre mpaka mbele ya kiti cha Hakimu aliyesema ole kwa wanaocheka. Bossuet ni mwalimu wetu sote katika kuhubiri. Lakini ukurasa huo tunausoma kwa uchungu, kwa maana hakuwa karibu na kitanda cha yule mtu, na hukumu ile haikuwa yake.

Kitanda hicho tunajua habari zake. Tarehe 17 Februari 1673, katika onyesho la nne la mchezo wake wa mwisho, Mgonjwa wa Mawazo, Molière aliyekuwa mgonjwa kweli alishikwa na kikohozi. Alimaliza kucheza, akapelekwa nyumbani, akatapika damu. Mke wake, katika ombi lake kwa Askofu Mkuu, aliandika kwamba mgonjwa aliomba padri. Kwamba mapadri wawili wa Saint-Eustache walikataa kuja. Kwamba wa tatu alikuja, akakuta amekwisha kukata roho. Waliokuwa pamoja naye ni masere wawili waliokuja Paris kuomba sadaka wakati wa Kwaresima, naye alikuwa amewapa malazi. Ombi hilo lasema pia kwamba alipokea masakramenti Pasaka iliyotangulia. Mfalme aliingilia kati, na Askofu Mkuu Harlay akaruhusu maziko katika makaburi ya parokia, kwa mapadri wawili tu, usiku, bila ibada ya sherehe. Alizikwa usiku wa tarehe 21 Februari katika makaburi ya Saint-Joseph. Watu wengi walifuata na mienge.

Tangu hapo mchezo ulikuwa na maisha yake wenyewe. Baada ya Napoleon, kati ya 1815 na 1830, wafalme wa Ufaransa walirudi na kushikana mkono sana na maaskofu. Wahubiri wa misioni walizunguka miji, walisimamisha misalaba, na askari walisimama karibu. Watu hawakuwa na ruhusa ya kusema wazi. Wakafanya nini? Waliingia katika teatre ya mji na kupiga kelele: Tartuffe! Tartuffe! Hivi ndivyo ilivyokuwa Rouen mwaka 1825: wakuu walikataza mchezo usionyeshwe, na fujo ikatokea ndani ya teatre. Mchezo wa miaka mia na sitini, ambao kila mwanafunzi aliujua kwa moyo, uligeuka kuwa tusi juu ya serikali kwa kutajwa jina tu. Hakuna mhubiri wa siku zile aliyekuwa Tartuffe kwa kuwa alihubiri. Lakini msalaba uliosimamishwa karibu na bunduki ulimfanya afanane naye machoni pa watu, na hilo Molière hakuliandika.

Mwaka 1973 Ufaransa iliadhimisha miaka 300 tangu kifo chake, na katika miaka ileile ya 1970 mchezo wenyewe ulitoka Tanzania kwa Kiswahili, ukiitwa Mnafiki. Mwaka 2022, miaka 400 tangu ubatizo wake, teatre kubwa ya Paris, Comédie-Française, ilijaribu kuonyesha mchezo wa sehemu tatu kama ulivyokuwa Versailles. Ilibidi wataalamu waubuni upya kutokana na maandiko yaliyobaki, kwa sababu ule wa 1664 umepotea kabisa.

Tulio nao ni ule wa 1669, wa sehemu tano. Katika dibaji yake Molière anasema kwamba aliweka sehemu mbili nzima kabla Tartuffe hajaingia, ili asikilizaye asikae hata kidogo katika shaka juu ya ubaya wake. Na katika mchezo kuna Cléante, shemeji wa Orgon, ambaye anasimama na kueleza kwa maneno marefu tofauti ya ibada ya kweli na ya uongo, akisema kwamba wenye ibada ya kweli hawapigi tarumbeta. Wengi huona hotuba zake nzito, na wachezaji hupenda kuzikata. Lakini hizo ndizo zinazojibu agizo la Péréfixe. Mtu akiondoa katika kitabu kila kitu ambacho Molière alikitia ili kumtuliza paroko, askofu na hakimu, hatabaki na Tartuffe tunayemjua. Atabaki na kichekesho cha jioni moja, kilichochekwa Versailles na mfalme wa miaka 25.